Mwangwi: kama wadudu wanautoa kila msimu, kwa nini uwe adimu?

Kalamu Butu

Wakuu, habari zenu. Nimekwama, na wiki mbili nzima aibu imenizuia kuuliza.

Naandika hadithi ndefu ya ulimwengu wa kubuni. Uchawi wake wote umesimama juu ya kitu kimoja: utomvu mgumu wa kahawia, wenye wekundu ndani yake ukiuinua kwenye mwanga, unaotolewa na vijidudu vinavyong'ang'ania vijiti vya miti porini. Nimeuita mwangwi. Ukiongea karibu na tone la mwangwi lingali laini, kisha likaganda, sauti yako inabaki humo. Mtu akilifumbata tone hilo kiganjani hadi lipate joto, anakusikia. Kila akisikiliza, sauti inafifia kidogo. Wafalme wanautumia kwa viapo na mikataba, wajane wanautumia kwa waume zao.

Sura ya tatu, msichana wangu Shani anaingia msituni usiku, anabandua matone kwa kucha, na alfajiri kibuyu kimejaa. Mimi niliona nimeandika pazuri sana. Nikampa mdogo wangu asome. Akafika hapo akainua kichwa: "Kama msichana mmoja anajaza kibuyu kwa usiku mmoja, kwa nini falme mbili zinapigana kwa ajili ya vijiko viwili? Si wawafuge tu hao wadudu?"

Nikamjibu kwamba ni adimu kwa sababu ni wa kichawi. Akanirudishia karatasi zangu bila kumaliza.

Sasa nauliza. Ni kitu gani hasa kinachofanya mali ya mdudu iwe adimu, kiasi kwamba msomaji hatafikiria kuuliza? Na huo uvunaji, mkononi unakuwaje? Sijawahi kuvuna chochote cha mdudu. Hata asali nimekutana nayo ikiwa tayari kwenye chupa.


Mzinga Mzito

Huyo mdogo wako usimkasirikie, ndiye msomaji unayemhitaji.

Mimi ni wa nyuki, kwa hiyo nitasema ya nyuki. Watu wanadhani nta ipo tu, kwa sababu mzinga umejaa masega. Lakini nyuki kibarua ana tezi nane za nta chini ya tumbo, nne kila upande, na kinachotoka hapo ni kigamba chembamba, unaona mwanga ukipita. Anakidaka kwa miguu, anakitafuna, ndipo anakibandika. Kupata kilo moja ya nta, nyuki wanatumia asali ya kilo sita hadi nane hivi. Kwa hiyo nikikwambia nta ni ghali, nakwambia kuna asali nyingi ambayo haikuliwa na mtu. Weka kitu cha namna hiyo kwenye mwangwi wako: mdudu anakula nini, na nani mwingine alikitaka hicho chakula?

La pili ni la mkononi, na hapa nitakung'ang'ania. Uliwahi kushika gundi ya nyuki? Ni ile wanayokusanya kwenye machipukizi na magome ya miti, wanazibia nyufa za mzinga. Asubuhi ya baridi ni kama kioo: ukiipiga kwa ncha ya patasi inaruka vipande, unavikusanya kwenye kitambaa safi kabisa. Rudi saa nane mchana, kitu kile kile kinavutika, kinashika patasi, kinashika glovu, kinashika kishikizo cha mlango ukiingia ndani. Sabuni haikitoi, mpaka upate spiriti. Mimi nina shati lina alama ya kidole kifuani, mwaka wa sita sasa.

Kwa hiyo Shani wako kubandua kwa kucha, usiku wa joto, msituni? Angerudi na vidole vilivyogandana na kibuyu kitupu. Mpeleke saa ya baridi kali kabla ya jua, ndiyo saa pekee ambayo utomvu unakubali kuachana na mti.

La tatu nalisema kwa haraka maana linaniuma. Mwaka wangu wa kwanza nilivuna masega yote. Yote, hadi yale ya pembeni. Nikajiona hodari. Siku ya tano nikapita pale, mzinga uko kimya. Nikaweka sikio. Walikuwa wamehama wote na malkia wao, wameniachia mende wawili na nondo. Mdudu hana haja ya kukupiga vita, anaondoka tu.


Jicho la Nyigu

Nyongeza mbili za historia.

Kuna mdudu wa rangi nyekundu anayeishi juu ya mpungate huko Mexico. Jike aliyekaushwa ndiye rangi yenyewe, na ratili moja inahitaji wadudu kama 70,000. Wahispania waliifunga siri hiyo vizuri hata Ulaya ikawa inabishana miaka na miaka kama vile vipunje ni mbegu au ni mnyama. Mwaka 1777 Mfaransa mmoja, Nicolas-Joseph Thiéry de Menonville, aliingia Oaxaca akatoka na vipande vya mpungate vikiwa na wadudu wake juu, akavifikisha koloni la Saint-Domingue. Angalia alichobeba: alibeba mmea. Mdudu bila mti wake ni maiti yenye miguu sita. Mwenyewe alikufa mwaka 1780 na bustani ile haikudumu baada yake. Kwa hiyo ukitaka mwizi wa mwangwi, mpe mzigo wa miche, udongo na maji ya kumwagilia njiani. Mwizi anayemwagilia anachekesha na anatia huruma kwa wakati mmoja.

La pili ni ugonjwa. Mwaka 1865 Louis Pasteur alipelekwa kusini mwa Ufaransa kwa sababu viwavi wa hariri walikuwa wanakufa, na mikoa iliyoishi kwa hariri ilikuwa inakufa nao. Aligundua kwamba jike mgonjwa anawapitishia watoto ugonjwa kwenye mayai, kwa hiyo dawa ikawa kumpima kila mama kwa hadubini kabla ya kuyatunza mayai yake. Kazi ya mtu mmoja mmoja, nondo mmoja mmoja. Kitu kinaweza kuwa kingi mwaka jana na kikawa adimu mwaka huu bila mchawi yeyote kuhusika.


Fundi Santuri

Kalamu, nimesoma swali lako nikacheka peke yangu hapa kibandani, maana hicho ulichokibuni kiko mbele yangu mezani.

Kazi yangu ni kutengeneza gramafoni za zamani, zile za kuzungusha kwa mkono. Santuri zake ni zile nzito nyeusi zinazozunguka mara 78 kwa dakika. Ukiidondosha moja haidundi, inapasuka kama sahani. Zimetengenezwa kwa vumbi la mawe, rangi nyeusi, na cha kuvishikanisha vyote hivyo ni utomvu wa mdudu. Utomvu wa kahawia wenye wekundu, unaotolewa na vijidudu vinavyong'ang'ania vijiti. Kuanzia miaka ya 1890 hadi miaka ya 1950 ilipokuja plastiki, sauti za waimbaji wa dunia zilikaa humo. Na kila ukizipiga, sindano ya chuma inakwangua kidogo, sauti inafifia. Nina santuri ya mwimbaji aliyekufa kabla sijazaliwa. Naipiga mara moja kwa mwaka, kwa uchoyo.

Kwa hiyo wewe hukubuni, umekumbuka kitu ambacho hukuwahi kukijua.

Mdudu mwenyewe kwa jina la kitaalamu ni Kerria lacca, ni katika wadudu magamba, na kwao ni India, Thailand na jirani za huko. Hakai mti wowote tu. Mmoja anaoupenda ni mkunazi. Vitoto vikianguliwa ni vyekundu, kila kimoja kama nusu milimita, vinatambaa maelfu kwa maelfu juu ya kijiti kutafuta gome changa. Kikipata mahali kinachomeka mdomo, na kwa jike hapo ndipo kwake hadi kufa. Akijivua ngozi mara ya kwanza miguu yote inapotea. Unaandika kwamba wananing'inia na kung'ang'ania; mwenzangu, hana namna nyingine! Ananyonya maji ya mti, anatoa utomvu mwilini, utomvu unamfunika, na majirani zake hivyo hivyo, mpaka kijiti kizima kinavaa ganda moja. Dume akikomaa anatoka, anatafuta majike, siku chache amekufa. Jike anataga ndani ya kaburi lake mwenyewe. Yote hayo ni kama miezi sita.

Sasa uvunaji. Hakuna anayebandua tone kwa tone. Wanakata kijiti, wanakwangua ganda, wanaliponda, wanalichekecha, wanaliosha mara nyingi hadi maji yaache kutoka mekundu (hayo maji mekundu nayo yalikuwa biashara ya rangi), wanalianika. Halafu inakuja hatua ambayo ningekuwa mimi ndiye mwandishi ningeiandikia kurasa tatu. Utomvu unatiwa kwenye mfuko wa kitambaa, mrefu na mwembamba kama utumbo. Mtu mmoja anashika ncha hii, mwingine ncha ile, wanauweka mbele ya moto wa makaa na kuusokota polepole. Utomvu unayeyuka, unatokeza kwenye nyuzi za kitambaa kama jasho, taka zinabaki ndani. Wanaukwangua, wanautandaza, na ungali moto mtu analinyanyua lile bamba, analivuta kwa mikono, kwa vidole vya miguu na kwa meno, hadi linakuwa shuka jembamba la kahawia ambalo ukisimama nyuma yake unaonekana. Likipoa linavunjwa vipande. Vipande hivyo ndivyo ninavyonunua mimi, naviloweka kwenye spiriti napaka makasha ya gramafoni.

Halafu mtu ananiambia uchawi unahitaji fimbo.

Na mkulima hakati vyote. Vijiti vyenye majike wanaokaribia kutotoa anavifunga kwenye miti mingine, ili vitoto vitambae vihamie. Akikata vyote kwa tamaa, yatampata yale ya Mzinga Mzito.

Lakini nisikudanganye, na wewe usimdanganye mdogo wako. Wanafugika! Dunia ilipata utomvu huo wa kutosha santuri za mamilioni. Ukisema mwangwi ni adimu kwa sababu mdudu ni mgumu kufugwa, kuna msomaji kama mimi atakayekukatalia. Itoe adimu yako kwenye kitu kingine, na bahati nzuri umeshakiandika mwenyewe.

Umesema tone lingali laini linashika sauti. Sauti ya nani? Utomvu haumjui mfalme. Mimi nikipaka kasha huku mlango uko wazi, rangi mbichi inashika kila kinachopita: vumbi, unywele wa nyusi zangu, siku moja nzi mzima. Utomvu wako nao utashika kila mlio kwa miezi yote sita ambayo mdudu anautoa. Shoka la mkata kuni litaingia. Mvua itaingia. Mfugaji akikohoa, kikohozi chake kitaingia, na mkewe akimwita aje kula naye ataingia.

Kwa hiyo mwangwi wa kufugwa upo, tena umejaa sokoni. Ila umeshajaa. Ukiufumbata unasikia mbwa.

Mwangwi mtupu, ule unaoweza kupokea kiapo, unatoka kwenye mti ambao hakuna aliyeufikia kwa sauti muda wote huo. Hapo ndipo palipo adimu. Hutafuti mdudu, unatafuta ukimya. Chora ramani yako upya uangalie: bonde gani halina ndege, halina mto, upepo hauingii? Nani analimiliki? Na anayeingia kuvuna hawezi kuimba, hawezi kupiga chafya, na akiteleza kwenye jabali hawezi kumwita mwenzake.

Jambo dogo la lugha, nimelifurahia. Unasema wafalme wanautumia kwa mikataba. Tunalo neno lakiri, ile ya kuyeyusha na kupigia muhuri kwenye barua. Lakiri nzuri ilitengenezwa kwa utomvu huu huu. Na laki yetu, ya 100,000, ilikuja kutoka India; wapo wanaosema jina la mdudu na jina la hesabu ni ndugu, kwa jinsi hao vijidudu wanavyokuwa malaki kwenye mti mmoja. Sibishani nao.


Msomaji wa Usiku

Mawazo mazuri ila kuna tundu hapo, Fundi. Kama utomvu unayeyuka kwa moto, si wachukue huo wa mbwa na vikohozi, wauyeyushe, uwe mtupu? Kazi imekwisha, vita imekwisha, hadithi imekwisha.

Halafu dada Kalamu, ombi langu: hayo ya miguu kupotea na mifuko ya kusokota usiyamwage yote kwenye sura ya tatu. Mimi nikisoma hadithi nikakuta somo la wadudu naruka kurasa. Chagua moja.


Fundi Santuri

Tundu ni la kweli, na nimelala nalo usiku kucha. Jibu lake nalo liko kwenye santuri.

Vita Kuu ya Pili ilipofika, meli za kutoka Asia zikawa taabu, na utomvu ule jeshi nalo linautaka. Marekani, mwaka 1942, serikali ikapunguza sana kiasi kilichoruhusiwa kwa santuri. Kampuni zikaanza kukusanya santuri kuukuu. Madukani kukawa na utaratibu wa kurudisha ya zamani ndipo uuziwe mpya. Watu wakabeba nyimbo za baba zao wakazipeleka zikasagwa, zikachanganywa na utomvu kidogo uliokuwepo, zikapigwa chapa nyimbo nyingine.

Na zile za mchanganyiko zilikuwa na makelele. Ukiweka sindano, kabla mwimbaji hajaanza, unasikia mchakacho kama mtu anakaanga kitu chumba cha pili. Kisayansi ni chenga na taka za nyenzo kuukuu. Lakini wewe unaandika uchawi, Kalamu. Sema sauti haitoki kwa moto, inachanganyika. Ukiyeyusha mwangwi wa mbwa na vikohozi hupati utupu, unapata mvumo, watu elfu wanaoongea nyuma ya ukuta na humwelewi hata mmoja. Kiapo cha mfalme kikitiwa humo, siku ya kukisikiliza mahakamani kila upande utadai umesikia neno lake.

Hapo umepata mwangwi wa daraja tatu: mtupu, wa mbwa, na wa mvumo. Na umepata walaghai, maana kila chenye daraja kina mlaghai wake. Huu utomvu wa kweli nao watu waliuchakachua kwa utomvu wa misonobari, ambao ni rahisi na unafanana nao kwa macho. Mimi nilishauziwa. Kasha nililolipaka likawa linanata kila siku ya joto, hadi mwenyewe akanirudishia.

Halafu mjane. Fikiria ufalme uko vitani, mwangwi mtupu umekwisha, mjumbe anapita nyumba kwa nyumba na mfuko. Anataka matone ya zamani. Mjane ana moja tu.

Huko sitii neno tena, ni kwako.


Mzinga Mzito

Fundi, hilo la mjane limenikaa vibaya tangu asubuhi.

Nami nina langu. Ukimya kabisa haupo. Mimi nikiweka sikio kwenye mzinga nasikia nyuki wenyewe. Wadudu malaki wananyonya, wanakua, madume yanatambaa juu ya ganda. Hata huo mwangwi mtupu usiuandike kuwa mtupu kabisa. Chini kabisa kuwe na mlio wao, mwembamba, ambao mtu aliyezoea tu ndiye anausikia. Ndivyo mnunuzi mzuri atakavyoutambua wa kweli na wa misonobari: anaufumbata, anafumba macho, anasikiliza kama wamo.


Kalamu Butu

Shikamoo Fundi, shikamoo Mzinga. Nimesoma yote mara tatu. Sura ya tatu nimeichana. Bonde Bubu limeingia kwenye ramani, pale nilipokuwa nimeweka ziwa, na ziwa nimelihamishia juu mlimani. Mjane nimempa sura yake mwenyewe na sijaimaliza kwa sababu kila nikifika kwenye mfuko wa mjumbe naacha.

Msomaji wa Usiku, nimechagua moja kama ulivyosema: kijiti. Mifuko ya kusokota itakuja baadaye sana, mjini. Hiki ni kipande kipya, msinionee haya:

"Siku ya tatu ndani ya bonde Shani alikuwa hamezi tena mate kwa nguvu. Miguu ameizungushia matambara. Katikati ya meno ameuma kipande cha ngozi, yasigongane kwa baridi. Mti aliouona jana ulikuwa pale pale, vijiti vyake vimevaa ganda kama mtu aliyechovya mkono kwenye damu ukakauka. Alihesabu saba. Akasubiri. Ule ubaridi wa mwisho ulipopanda kutoka chini, ndipo akatoa kisu alichokipaka mafuta ubapa mzima, akakishika kijiti cha kwanza juu na chini, akakikata polepole, bila kukivunja, kama mkunga anavyokata kitovu cha mtoto ambaye bado hajalia. Alikata vinne. Vitatu akaviacha. Cha nne kilikuwa na vumbi la gome juu yake. Akakisogeza karibu na mdomo, akakipuliza."


Mzinga Mzito

Marahaba. Hivyo vitatu alivyoacha, mungu wa wadudu akubariki.


Jicho la Nyigu

Ziwa ulilolihamisha sasa liko juu ya mlima, angalia mto wako unatoka wapi. Mengine sina neno.


Fundi Santuri

Marahaba mwanangu. Kisu cha mafuta kimenifurahisha, nimekisikia jinsi kisivyosikika.

Lakini usimfanye apulize. Mdudu bado yu hai ndani, tabaka la juu ni bichi, na pumzi ya mtu ina joto na ina mlio. Siku tatu za kuuma ngozi zimeishia hapo hapo: atakuwa amejaza kijiti chake kwa "fuu" moja. Mpe unyoya.


Kalamu Butu

Nimeisoma hiyo nikaziba mdomo kwa mkono, kama vile ni mimi niliyepuliza.

Unyoya ameupata. Ila kijiti kimoja nimemwachia kile chenye pumzi yake, hajui kama kimeingia, anacho kwenye mkoba mpaka sura ya kumi na moja. Usiku wa jana nimempa mdogo wangu. Bado hajarudisha karatasi.